Nyota Isiyo Mbinguni

Msomaji mpendwa, usiku mmoja usio na mawingu toka nje ya nyumba utazame juu. Ukiwa huku kwetu Gesima, katika vilima vya Nyamira, hujafika hata digrii moja kusini ya ikweta. Kwa hiyo una neema ambayo mataifa mengi hayana. Katika mzunguko wa mwaka mmoja waweza kuziona karibu nyota zote za upande wa kaskazini na karibu zote za upande wa kusini. Zihesabu uwezavyo, utachoka kabla hujazimaliza. Lakini iko nyota moja ambayo hutaiona hata ukikesha mpaka jogoo awike, wala hata ukipewa darubini iliyo kubwa kuliko zote duniani. Nayo ndiyo nyota itajwayo na watu wengi kuliko zote. Ni nyota ya mtu.

Twasema fulani ana nyota. Akifanikiwa, nyota yake imeng'aa. Akianguka, nyota yake imefifia. Akikosa kazi mara tatu, wako watakaomnong'oneza kwamba nyota yake imeibiwa. Mijini utaona vibao vimepigiliwa kwenye nguzo za umeme, vikitangaza waganga wasafishao nyota za watu kwa malipo. Magazeti huchapa utabiri kwa buruji 12, tangu Hamali mpaka Hutu, na watu wazima wenye akili zao huusoma kabla ya kusoma habari za nchi. Nasi walimu, tujionao kuwa mbali na mambo hayo, tunayo methali tuipendayo sana: Nyota njema huonekana asubuhi.

Basi nyota hii haimo mbinguni, lakini ina kazi kubwa duniani. Humpandisha mtu na kumshusha. Humtia moyo mmoja na kumvunja moyo mwingine. Swali ninalotaka tulifikiri pamoja ni hili: je, ni haki kumpima mtu kwa nyota yake? Sikuuliza kwa kutaka kujifurahisha. Nauliza kwa sababu niliwahi kumpima mtu kwa kipimo hicho, na hasara yake ilimwangukia yeye, si mimi.

Kwanza tuzitendee haki nyota za kweli, kwa maana wazee wetu hawakuzitazama bure. Liko kundi dogo la nyota liitwalo Kilimia. Mtu mwenye macho mazuri huhesabu sita, na kwa darubini huonekana mamia. Jina lenyewe lina sauti ya kulima ndani yake. Mwezi wa Aprili Kilimia huonekana magharibi mara baada ya jua kuchwa. Mwezi wa Mei huzama katika mwanga wa jua kisionekane. Na mwezi wa Juni huzuka mashariki kabla ya mapambazuko. Watu wa pwani walikiangalia wapate kujua majira, wakasema kwamba kikizama wakati wa jua huzuka wakati wa mvua, na kikizama wakati wa mvua huzuka wakati wa jua. Mkulima asiyekuwa na kalenda ukutani alikuwa nayo juu ya paa lake.

Mabaharia nao walifanya vivyo hivyo. Mwaka 1498 Vasco da Gama alipofika Malindi alipewa rubani aliyeijua Bahari ya Hindi, na jahazi zake zikavuka mpaka Calicut, pwani ya Bara Hindi, kwa muda wa siku 23 hivi. Mchana hapakuwa na mlima wa kutazamwa wala mti. Usiku palikuwa na nyota na ujuzi wa kuzisoma.

Lakini angalia vema, msomaji, nyota hizo zilifanya kazi gani. Kilimia hakileti mvua. Dunia yetu hulizunguka jua, na katika safari hiyo ya mwaka majira hubadilika na nyota za jioni hubadilika pamoja nayo. Mvua na Kilimia ni kama wasafiri wawili walioshuka katika gari moja: kuonekana kwa mmoja hukujulisha kuwa mwenziwe yu karibu, lakini hakuna aliyemzaa mwenziwe. Kadhalika nyota ya baharia ilimwonyesha upande. Haikushika usukani wala haikutweka tanga. Nyota ya kweli ni ishara. Kosa la mwanadamu huanza pale anapoichukua ishara akaigeuza kuwa sababu.

Tena fikiri juu ya umbali. Nuru ya Kilimia uionayo usiku huu ilisafiri miaka 440 hivi kabla ya kulifikia jicho lako. Ilianza safari yake karibu na zama ambapo Wareno walikuwa hawajaanza kuijenga Ngome ya Yesu kule Mombasa, kazi waliyoianza mwaka 1593. Nuru iliyoondoka kwao kabla bibi wa bibi yako hajazaliwa ingejuaje siku yako ya mtihani? Hata buruji zenyewe hazikai mahali pake. Kwa sababu mhimili wa dunia huyumba polepole kama pia ichezwayo na watoto, ukimaliza mzunguko mmoja kwa miaka 26,000 hivi, majina ya buruji yaliyowekwa yapata miaka 2,000 iliyopita yamesogea karibu hatua nzima. Aambiwaye leo kwamba amezaliwa jua likiwa katika Hamali, aghalabu jua lilikuwa katika Hutu.

Na mambo haya hayakugunduliwa jana, wala si maarifa ya kigeni kwa bara letu. Agustino wa Hippo, aliyezaliwa Afrika ya Kaskazini mwaka 354, aliwahi kuamini unajimu kisha akauacha. Katika mambo yaliyomgeuza ni habari ya watoto wawili waliozaliwa saa moja, mmoja katika nyumba ya bwana na mwingine katika nyumba ya mtumwa wake: nyota zao zilikuwa zile zile, lakini mmoja alikua tajiri na mwingine akabaki mtumwa. Naye Ibn Khaldun, aliyezaliwa Tunis mwaka 1332, aliandika kwa hoja ndefu kuukataa unajimu, akaonya kwamba huharibu akili za watu na huleta madhara katika utawala. Mmoja alikuwa Mkristo na wa pili Mwislamu, na kati yao ilipita karibu miaka elfu. Walikutana katika jambo hili moja.

Sasa niruhusu nikueleze kosa langu.

Katika mwaka wangu wa kwanza wa kufundisha, nikiwa nimetoka chuo cha ualimu na vitabu vyangu bado vipya, nilikuwa na mwanafunzi mmoja wa kidato cha pili. Kila siku alichelewa. Akiisha kuketi, husinzia. Nilipotoa mtihani wangu wa kwanza alipata alama 11 katika 100. Niliporudisha karatasi nilisimama mbele ya darasa, nikaiinua karatasi yake juu, nikasema: “Wahenga walisema nyota njema huonekana asubuhi. Yako wewe sijaiona.” Darasa likacheka. Nami, kwa aibu yangu nasema, nilicheka pamoja nao. Yeye hakusema neno. Aliichukua karatasi, akaikunja mara nne, akaitia mfukoni.

Juma lililofuata hakuja, wala lile jingine. Mwisho wa mwezi nikaenda kwao. Mama yake alinipokea kwa heshima nisiyoistahili, akaniwekea kiti kivulini, akanipa uji wa wimbi. Nilipomwuliza habari za kijana alinijibu, “Mwalimu, tangu baba yake atutoke, yeye ndiye aamkaye saa kumi za usiku. Hukama ng'ombe, hupeleka maziwa barabarani, na kukipambazuka huingia katika majani chai. Huchuma mpaka kikapu kijae, hupeleka kituoni kupimwa, ndipo hukimbilia shule. Sasa amekwenda Nairobi kwa mjomba wake kutafuta kazi. Alisema shule haikumtaka.”

Sikuweza kuumaliza uji ule. Nikiwa njiani kurudi, kati ya mashamba ya chai, nilielewa kwamba kila asubuhi niliyojisifia kuamka mapema, mtoto yule alikuwa ameamka kabla yangu. Ikiwa nyota njema huonekana asubuhi, basi yake ilionekana asubuhi kweli kweli, ila mimi nilikuwa nikitazama upande mwingine wa mbingu.

Miaka kadhaa baadaye nilikutana naye sokoni Keroka. Alikuwa fundi wa pikipiki, mikono yake myeusi kwa mafuta. Aliifuta kwanza, akanipa mkono wa kuume huku ameushika kwa ule wa kushoto, kama mdogo amsalimuvyo mkubwa wake. Aliniuliza habari za shule na za nyumbani. Nami nilipokuwa nikitafuta maneno ya kumwomba radhi, aliniuliza kwa upole, “Mwalimu, ile methali bado mnaifundisha?” Nilimwomba radhi, naye akacheka akasema yamepita. Lakini swali lake sikulijibu. Insha hii ndiyo jibu langu.

Naam, bado twaifundisha, wala sitaki ifutwe. Methali ile ina haki yake. Tabia njema ianzwayo mapema huota mizizi. Mwenye kupanda kabla ya mvua huvuna kabla ya njaa. Ikiwa methali yamwambia mtoto, “Anza leo,” ni nasaha njema. Ila ikiwa yamwambia, “Umechelewa; ungekuwa mwema tungekwisha kukuona,” basi imeacha kuwa nasaha imekuwa hukumu. Na hukumu hiyo ni ya uongo. Mbingu zenyewe zaikanusha.

Maana nyota ya asubuhi ni ipi? Katika zote zionekanazo alfajiri, ing'aayo kuliko nyingine ni Zuhura. Tazama desturi yake. Kwa muda wa miezi minane au tisa huonekana alfajiri kabla ya jua. Kisha hutoweka kwa majuma kadhaa, kwa kuwa imepita nyuma ya jua. Baadaye hutokea jioni, upande wa magharibi, nayo hukaa huko miezi minane au tisa tena, kabla ya kutoweka siku chache na kurudia alfajiri. Mzunguko wote ni wa siku 584. Wayunani wa kale waliipa majina mawili, wakidhani ni nyota mbili, mpaka wakafahamu kwamba ile ya asubuhi na ile ya jioni ni moja. Basi yule aisifuye nyota ya asubuhi na kuidharau ya jioni, aisifu na kuidharau nyota ile ile. Na kwa kweli si nyota hata kidogo: ni sayari kama dunia yetu, nayo nuru yake yote ni ya kuazima kutoka kwa jua.

Ukitaka mfano wa mwanadamu, sitakupeleka mbali. Mwaka 1964, katika Michezo ya Olimpiki ya Tokyo, Mgusii mwenzetu Naftali Temu alikimbia mbio za marathoni akafika wa 49. Angelikuwapo mwalimu wa namna yangu pale mwisho wa mbio, angelisema nyota ya kijana huyu haijaonekana. Mwaka 1968, kule Mexico, Temu alishinda mbio za mita 10,000, akawa Mkenya wa kwanza kupata medali ya dhahabu ya Olimpiki. Na siku chache baadaye akapata ya shaba katika mita 5,000. Miguu ilikuwa ile ile. Kati ya Tokyo na Mexico palikuwa na miaka minne ya kazi, na watu waliomwacha aendelee kukimbia.

Hapa wewe msomaji waweza kunikatiza ukauliza: “Je, Mwalimu, hakuna bahati? Wataka kuniambia kwamba kila aliyeshindwa ni mvivu?” Swali lako ni la haki, na nisipolijibu nitakuwa nimeondoa dhuluma moja na kuleta nyingine. Bahati ipo. Mmoja huzaliwa penye taa na meza ya kusomea. Mwingine huzaliwa penye kibatari na kikapu cha chai. Mmoja hufiwa na baba akiwa na miaka 14. Mwingine hulelewa na wazazi wote mpaka aoe. Anayesema kwamba juhudi peke yake yatosha hajawahi kukimbia kilomita tano kwenda shule baada ya kuchuma chai.

Lakini bahati si nyota. Tofauti yao ndiyo kiini cha maneno yangu yote. Nyota iko mbali, haifikiwi na mkono, wala haiulizwi neno. Tukisema shida ya mtoto yatoka katika nyota yake, tumeiweka mahali ambapo hakuna anayewajibika. Bali bahati nyingi ya mtoto imo mikononi mwa watu. Karo ni mkono wa watu. Taa ni mkono wa watu. Mwalimu aulizaye, “Mbona unasinzia?” badala ya kucheka, ni mkono wa watu. Mimi nilipolitaja neno nyota mbele ya darasa, nilimtia mtoto hatia isiyokuwa yake, nikajiondolea wajibu uliokuwa wangu. Kwa neno moja nilimdhulumu mara mbili.

Tena nyota ya kuwaziwa ina hatari kubwa kuliko hiyo. Aaminiye kwamba alizaliwa na nyota njema, naye akaiona maisha yake hayaendi, mwisho atauliza: “Ni nani aliyeichukua?” Na aulizaye swali hilo hutazama jirani, hasa jirani mzee, maskini, asiye na wa kumtetea. Nchi yetu ya Kisii inalijua jambo hili kwa uchungu. Mwezi wa Mei 2008 watu 11, wengi wao wazee, waliuawa kwa kuchomwa moto kwa tuhuma za uchawi. Mwezi wa Oktoba 2021 wanawake wazee wanne waliuawa kwa tuhuma hizo hizo katika sehemu za Marani. Sisemi kwamba kila asemaye “sina nyota” atashika kibiriti. Nasema kwamba njia ya kuelekea moto ule huanza mbali, mahali pa utulivu, pale mtu anapoacha kutafuta sababu ya taabu yake akaanza kutafuta mwenye kuisababisha. Mbegu ikifunzwa darasani, miiba itavunwa kijijini.

Basi tufanye nini na nyota hii isiyo mbinguni? Tuitumie kama baharia alivyozitumia zile za kweli. Baharia mwema hakuiuliza nyota, “Mimi ni nani?” wala, “Nitafika?” Aliiuliza, “Niko wapi, na upande niutakao ni upi?” Kisha akashika usukani. Wewe nawe, ukipata alama 11 katika 100, usiulize kama nyota yako ni njema. Uliza uko wapi: ni somo gani hukulielewa, ni saa gani huna, ni nani awezaye kukusaidia, na ni mzigo gani uliobeba ambao mwalimu wako haujui. Nenda ukamweleze. Akicheka, kosa ni lake, mwendee mwingine.

Na ikiwa wewe ndiwe uliyepata alama 90, usijivune kwamba nyota yako imeonekana asubuhi. Kumbuka Zuhura, ambayo nuru yake ni ya kuazima. Yuko aliyeamka kukupikia, yuko aliyelipa, yuko aliyekufundisha. Mtazame mwenzako anayesinzia katika dawati la pili, umwulize kwa upole jana alilala saa ngapi.

Yule fundi wa Keroka sijui atarudi kusoma au hatarudi. Hilo ni lake kuamua, na kazi yake ya sasa ni ya halali na ya heshima. Lakini kila mwaka, ninapoifikia methali ile katika somo la fasihi, huiandika ubaoni, kisha huwauliza wanafunzi waniambie kila mmoja alikuwa wapi leo alfajiri, kabla ya kengele. Mmoja alikuwa kitandani. Mmoja alikuwa kisimani. Mmoja alikuwa akimwogesha bibi yake mgonjwa. Nawasikiliza wote mpaka wa mwisho. Ndipo tunapoanza somo.